Manda ya Makoroboi

Mama kainua manda moja dirishani.
Kupitia kwake ananiona mimi, mawe ya Bwiru,
na kipande cha ziwa.
"Hii nani kaikanda?"
Sijui, Mama. Nimeinunua Makoroboi, pakiti elfu mbili,
baridi kama sato aliyelala kwenye barafu.

Huyu alikanda mandazi Kirumba
miaka kumi na tisa, kila saa tisa usiku,
mpaka mkono ukagoma kufika kwenye nywele zake.
Leo anamtazama bintiye
akifungua unga kwa mkasi.

Nabandua moja moja, nafunika kitambaa kibichi zisikauke.
Nazi, sukari, iliki niliyoiponda kwa kitako cha chupa,
ndizi kisukari iliyoiva hadi ganda likawa jeusi.
Nakunja pembe. Ya kwanza inapasuka.
Ya pili pia.
"Lete," anasema,
na vidole vilevile vibovu
vinakunja tatu kabla sijafuta mikono.

Umeme unakatika. Haya.
Sufuria, mchanga kidogo, mfuniko,
makaa chini, makaa juu,
na Milembe anapepea kwa daftari lake la hesabu
huku majivu yakimtua kwenye kope.

Zinatoka nyekundu, zinang'aa samli.
Moja imeungua pembe.
Mama anaichukua hiyo, anaila polepole,
macho kayafumba.
Nangoja aseme tamu.

"Mia tatu kila moja," anasema.
"Na usimkopeshe mtu."