Chupa Nambari 2117

Kitambaa kilikuwa cha manjano, laini,
kama kile cha kupangusia vumbi kwenye piano,
katika nyumba zenye piano.
Tulikitandika kitini, ndani ya foronya,
na mtuhumiwa akaketi, akaulizwa jina la mama yake,
mtaa, kiwanda, rangi ya mlango wa jirani:
maswali ya kumtoa jasho, si ya kujibiwa.
Dakika kumi.
Kisha mimi, Roswitha Kessel, kwa koleo,
glavu za mpira hadi kwenye kiwiko,
nilikinyanyua kama yai la ndege nisiyemjua,
nikakitia chupani, nikafunga kwa mpira mwekundu,
nikaandika nambari, tarehe, saa, jinsia.

Chini ya ardhi, mjini Gera, rafu hadi darini.
Watu mia tisa wamekaa kimya ndani ya vioo
vilivyotengenezwa kwa achari ya matango.
Wakubwa waliiita kazi ile jaribio.
Sisi wa zamu tuliiita stoo.
Siri ya mtungi aijuaye kata,
na kata yetu ilikuwa na miguu minne,
jina Asko,
sikio moja limeraruka.

Januari ya themanini na tatu wakamleta Lutz Immisch,
mpiga chapa, miaka ishirini na miwili,
vidole vyeusi, kikohozi.
Kulikuwa na karatasi zilizobandikwa usiku
kwenye mlango wa kanisa na kituo cha tramu:
*Mto wetu unakufa. Semeni.*
Moja ililetwa kwetu. Kesho yake mbwa angeamua.

Sijui kwa nini. Niulizeni tena, sijui.
Pengine kwa kuwa alisema asante nilipompa maji,
na neno hilo halikuwa limeingia chumba kile
tangu nianze kazi.
Usiku nilikitoa kitambaa chake, nikakichoma jikoni,
katikati ya makaa,
nikachukua kipya, nikakibana kwapani
chini ya sare,
macho kwenye saa ya ukutani.
Nambari haikubadilika.

Asubuhi, chupa saba kwa mstari sakafuni.
Asko akanusishwa karatasi, akapita
ya kwanza, ya pili, ya tano.
Kwenye ya sita akainua kichwa.
Akageuka, akavuka chumba chote
akaja kulala juu ya viatu vyangu,
mkia ukipiga sakafu, pu, pu, pu.
Luteni Dornbusch akacheka hadi akafuta machozi.
"Anataka soseji huyu!"
Akaandika: *hailingani.*
Kikulacho ki nguoni mwako.
Dola haikujikuna.

Lutz akaachiwa. Mwaka uliofuata
akahamia ng'ambo ya ukuta.

Ukuta nao ukaanguka. Watu wakaja kudai mafaili,
wakayasoma wamesimama, wengine wakatapika uani.
Mimi niliwekwa kuorodhesha, maana nilizijua rafu.
Akaja bibi mmoja, koti la sufu,
mkoba ulioshonwa mkono wake kwa mshipi.
Hakutaka faili.
"Nasikia mlikuwa mkihifadhi harufu.
Mwanangu alianguka kwenye jengo, Hamburg, themanini na saba.
Shati lake nimelilalia
mpaka likanuka mimi."

Nikaiteremsha 2117.
Mpira ulikuwa umekauka, ukakatikia mkononi.
Kulikuwa na sentensi moja ya kusema.
Ilifika hadi kwenye meno.
Akainamisha uso mara moja tu, upesi,
kama anayechungulia chumba anamolala mtoto,
akafunika kwa kiganja.
"Ndiye," akasema. "Mpaka ile dawa ya kifua."

Nikamtafutia kifuniko cha bati, nikakikaza.
Aliponishika mkono kushukuru
alisita, pua ikatanuka kidogo,
akanitazama
kwa muda ambao sikuupima.
Kisha akaivisha chupa skafu yake,
akapanda tramu nambari tatu,
akaketi dirishani,
akanipakata.