Kabari Mbili

Daktari Sagynbek aliinua pakiti kwenye mwanga wa dirisha:
kabari mbili, kila moja haizidi pipi,
matundu matundu kama mkate ulioumuka vibaya.
"Hizi," akasema, "zitakaa pale gegedu lilipokwisha,
na skrubu nne za kuzishika."
Akaanza kunieleza titani ni kitu gani.

Nikamwacha aeleze.
Kijana akiwa na furaha, humkatizi.

Miaka ishirini na saba, mwanangu, nimeichambua kwa mikono hii.
Kiwandani kwetu Oskemen hutoka tanuruni kama sifongo,
gogo la kijivu, tani kadhaa,
nasi wanawake wa zamu ya usiku tukisubiri lipasuliwe:
la ndege huku, la rangi kule, lililoungua tupa.
Niliinama. Nikainuka. Nikainama.
Hesabu unayo mgongo, mimi sikuwahi kuiandika.

Kikulacho ki nguoni mwako, ndiyo.
Lakini hakuna aliyeniambia
kwamba kilichonila ndicho kitakachonibeba.

"Zimetoka wapi?" nikauliza.
"Ujerumani."
Nikacheka mpaka mguu wa kushoto ukashikwa na umeme wake.
Labda ziliondoka hapahapa kwa treni, ndani ya pipa,
zikaenda kufuliwa, kupigwa msasa, kupewa jina,
zikarudi kama mtoto aliyesoma ng'ambo:
hazimsalimii mtu,
na bei yake ni farasi wawili majike wa mkwe wangu.

Nusu kaputi ina ladha ya sarafu.
Nilihesabu kwa Kikazaki, nikafika nne.

Nilipoamka, kitu cha kwanza kukosekana kilikuwa ule umeme.
Ulikaa mguuni miaka sita, kama mgeni asiyejua kuaga.
Palikuwa na maumivu mengine, mapya, ya haki,
maumivu ya nyumba ambayo fundi ametoka kuigonga.

Jirani yangu Lyudmila Fyodorovna alileta supu na habari mbaya:
baridi ikifika thelathini chini ya sifuri, chuma hunywea,
utapasuka kama bomba.
Januari ikashuka hadi thelathini na nne.
Nikavaa koti la marehemu mume wangu, nikaenda ukingoni mwa Ulba,
nikasimama hapo kwa ukaidi tu.
Barafu ya mto ilikuwa ikilia kwa kupasuka.
Mimi kimya.

Aizere, mjukuu wangu, akaja na sumaku ya friji,
ile yenye picha ya tufaha,
akaibandika kiunoni pangu. Ikaanguka.
Akajaribu juu ya kovu, akajaribu kando. Ikaanguka.
"Bibi, wamekudanganya. Hamna kitu humo."
Nikamwambia titani haishikwi na sumaku,
ni madini yasiyo na tabia ya kung'ang'ania.
Hakuniamini. Hata mimi, siku ile, niliingiwa na shaka kidogo.

Usiku huwafikiria wanawake watakaoniosha.
Watakuta kovu refu, wataulizana kwa macho.
Waambieni wasishtuke.
Nyama itakwenda zake, mifupa itachukua muda wake,
halafu udongo utafika kwenye kabari mbili na skrubu nne,
uzipapase, uzitambue:
Kumbe ni nyinyi. Mlichelewa wapi?

Lakini hayo ni ya usiku.
Asubuhi hii kijiko kimeanguka chini ya meza.
Mtaalamu wa mazoezi amesema: magoti kwanza,
kiuno kinyooke, usijipinde, usiwe na haraka.
Nakitazama kijiko.
Nacho, naona, kinanitazama.

Chai inapoa.
Nakoroga kwa kisu.