Kuhani wa Hurumzi Mbele ya Jaji

Barua ya uhamisho ilikuwa mistari miwili:
kuanzia tarehe mosi, Wete.
Mhuri wa kamati umeshika wino upande mmoja tu.

Mimi karani. Naandika yanayosemwa,
yanayomezwa sina pa kuyaweka.

Wakili wa kamati kauliza: "Mwajiri wako nani?"
Mzee Harshadrai, shuka jeupe,
kandambili kaziacha nje ya mlango wa korti,
akajibu kwa Kiswahili cha Mjini:
"Anayenilipa ni mweka hazina.
Anayeniamsha alfajiri nimkoshe,
nimvishe asumini, nimlishe,
ni mwengine."

Vidole vyangu vikasita.
Kwenye fomu, mwajiri ana nafasi moja.

Jaji akavua miwani:
"Korti hii haipimi kama Wete ni pabaya,"
(askari wa mlangoni, mzaliwa wa huko, akakohoa)
"inauliza neno moja:
kabla ya kumhamisha, mlimsikiliza?"

Mwenyekiti akatazama feni.

Basi barua imetenguliwa.
Wamwite, wamsikilize, ndipo waamue upya.
Na wanaweza kuamua vilevile: Wete.
Analijua hilo; hakushangilia.
Aliuliza saa tu.

Saa sita kasoro robo,
na kule Hurumzi kuna aliyekuwa hajala.

Akavaa kandambili, akateremka ngazi mbiombio,
hukumu kaisahau mezani kwangu.
Nikaivuta, nikaipiga mhuri,
nikaukandamiza kwa mikono miwili
mpaka wino ukashika pande zote.