Siku Iliyopelea

Lerwick, Disemba, jua linatua saa tisa mchana.
Saa tisa kwa saa zetu, zile nilizofunzwa Faza,
zinazoanza upya kila giza likiingia na kila kukicha,
na hapa hazishiki, kama leso kwa upepo huu.
Juni, magharibi hufika saa nne na nusu za usiku;
mie nimeshavua viatu, nimeshaswali kwa ratiba ya simu,
naziba dirisha kwa blanketi ili mtoto alale.

Mtoto halali. Mtoto ana dunia nyingine.

Raiye, miaka kumi na mmoja, ameichora kwa kalamu ya kijani
nyuma ya orodha za uzito wa samoni nilizoleta kutoka kiwandani:
Nuhara, dunia yenye miezi miwili.
Nyange, mweupe, mzembe, huzunguka kwa siku kumi na mbili.
Doya, mwekundu, mwembamba, kwa siku nane, akichungulia.
Kila siku ya ishirini na nne hukutana pale walipoanzia,
na huo ndio mwandamo.

Huko hakuna Jumatatu; niliuliza.
Kuna siku ya Kisigino, siku ya Deni Dogo,
Mwandamo wa Chumvi, Mwandamo wa Paka Aliyerudi.
Ukizaliwa Doya akiwa amemfunika Nyange
huhesabiwi umri, watu hukuita mgeni mpaka ufe,
na mgeni, Nuhara, hupakuliwa wa kwanza.

Inga Isbister wa ghorofa ya chini, dereva wa basi la shule,
alimwazima darubini yenye ufa, akamwonya:
mwezi uendao mbio sharti uwe karibu, hilo halina ubishi.
Raiye akanuna siku mbili. Akafuta. Akamsogeza Doya.

Mimi ni mtu wa mizani. Sipitishi kasha lililopungua gramu.
Usiku mmoja nikakaa jikoni na penseli:
miandamo kumi na mitano, mara ishirini na nne, mia tatu na sitini.
Ongeza siku nne za Msumari, nyota isiyosogea, ambapo kazi ni mwiko.
Mia tatu sitini na nne.
Na pembeni ameandika, kwa herufi kubwa: MWAKA WAO SAWA NA WETU.

Nikarudia kwa pingili za vidole,
kama nyanya yangu alivyohesabu miongo tangu Nairuzi,
kumi, kumi, akijua mwongo upi wa mtama
na mwongo upi wa kukaa ndani na kuziba paa.
Mwongo wa siku kumi, na mwongo yule asemaye uongo:
neno moja, na sikuwahi kulicheka hadi usiku ule.

Siku moja imepelea.

Asubuhi, saa mbili, taa za barabarani bado zinawaka,
namsuka. Nikamuuliza: umeipeleka wapi?
Chanuo likakwama.
“Ipo. Sijaihesabu tu.”
Siku gani?
Akaitaja tarehe iliyo kwenye barua ya Uhamiaji,
barua niliyoizika, nikidhani nina akili,
chini ya mfuko wa unga wa mahamri.

Ningemwambia kalenda haziendi hivyo.
Lakini nchi hii yenyewe, kila Oktoba, huirudisha saa nzima,
watu wakaiishi mara mbili, na hakuna anayeshtakiwa.
Nikafunga ncha ya msuko kwa uzi.
Nikasema: basi ipe jina, hata kama huihesabu,
watu wa Nuhara wajue kama waiogope au waipikie.

Akafikiri hadi basi la Inga likapiga honi mara ya pili.
“Waipikie,” akasema, skafu mdomoni, mguu mmoja ndani ya buti,
akatoka mbio gizani na penseli yangu.