Daftari la Karani wa Karanga

Babu Chilongani alikuwa karani wa karanga.
Utotoni nilidhani ni neno moja
limekosewa mara mbili.

Daftari lake nimelikuta Kongwa, kwenye sanduku la bati,
jalada limeliwa na mchwa hadi kwenye jina.
Safu tatu kwa penseli ya kulamba:
neno, linavyotamkwa, maana.

Drought. Drauti. Mvua imegoma.
Pembeni ameongeza: g na h zimo, hazisemwi,
zimekufa kiu.

Debt. Deti. Deni.
B imo, hailipwi.

Gauge. Geji. Chombo cha kupimia mvua.
Hapa kwetu kinapima vumbi.

Yield. Yildi. Mavuno; pia, kusalimu amri.
Ile "pia" ameipigia mstari.

Kisha ukurasa wa kumi na moja, maneno mawili
amewafunga nira kama maksai wa plau:
colonel, kernel.
La kwanza lina l mbili, hutamkwa moja.
La pili lina r, hawaitaki.
Yote: kánel.
Maana: bwana mkubwa wa jeshi.
Maana: kiini cha karanga.

Hapo Bibi Mbeleje, tisini na ushei,
hucheka mpaka ajishike kiuno.
Mzungu wa maabara alimwambia, niletee kánel,
na babu akaenda kuita mlangoni pa hema,
akamtoa kanali usingizini na kaptura yake ya kulalia,
akamsindikiza hadi mezani, akasimama wima:
huyu hapa, bwana.
Nilitaka kuona kama imeoza ndani, akasema yule wa maabara.
Chini yake babu ameandika:
Wote wawili walinitazama. Sikujibu.

Mimi nafundisha Kiingereza Kibaigwa, darasa la sita.
Watoto wananiuliza, mwalimu, herufi isiyosemwa
imewekwa ya nini?
Kwetu hata gh tunaitoa, koo likiwa kavu:
ghala, ghali, ghafla.
Nawaambia iko kwenye mtihani.

Ukurasa wa mwisho una neno moja tu.
Redundant. Ri-dán-danti.
Amelirudia mara nne,
kila mara mkazo akiuhamisha
mpaka umekaa.
Safu ya maana iko wazi.

Nikampelekea bibi. Hajui kusoma;
akaniambia nitamke. Nikatamka.
Akanyamaza, akapepeta ungo uliokuwa hauna kitu.
"Hilo," akasema, "alikuja nalo Ijumaa,
kwa miguu, godoro kichwani,
kalamu bado iko sikioni.
Trekta zao zilikuwa zimelala kule bondeni
na kuku wetu walishaanza kutaga humo."

Nimechonga penseli.
Safu ya tatu ni nyembamba, haitoshi vyote.
Nimeanza na godoro.