Kuchambua

Nimepanga chumba Limbani, dirisha linatazama jamvi la jirani:
karafuu siku ya pili juani, bado zina wekundu shingoni.
Nina kinasa sauti, daftari la mistari,
na dakika kumi na moja za kituo cha Konde,
mwezi wa tisa, foleni imefika barabarani.

Mwalimu wangu alisema: andika kila kitu.
Kikohozi, andika. Kiti kikilia, andika.
Mtu akinyamaza, hesabu.

Basi nahesabu.

Mpimaji: Zimekauka hizi?
Bi Mkasi: Zimepata jua, mwanangu.
(Kimya. Sekunde mbili na nusu.
Mkono unazama guniani, unatoka.
Karafuu moja inavunjwa; haikulia.)
Mpimaji: Zitarudishwa.
Bi Mkasi: Haya.

Tazama alivyojibu.
Kaulizwa kukauka, kajibu jua.
Hakusema ndiyo, asije akashikwa na ndiyo yake;
hakusema siyo, siyo ingemrudisha Makangale
na gunia kichwani.
Kalitanguliza jua, likatoe ushahidi.
Na lile *mwanangu*: mpimaji hamjui, hakumzaa wala hakumnyonyesha,
ila neno hilo ni kidole alichokiweka juu ya mizani,
kibonyeze kidogo.

Na *zitarudishwa*. Zitarudishwa na nani?
Kitenzi kimevaa *-wa* yake, kimefunga mlango,
mtendaji katokea uani.
Asubuhi nzima ndiyo lugha ya pale:
imeamuliwa, itaangaliwa, haikupitishwa.
Kituo kizima hakina mtu anayetenda,
na karafuu zinatendwa.

Kisha *haya*.
Herufi nne. Nimeisikiliza mara thelathini.
Umeme ukakatika, nikaisikiliza kwa betri.
Haya ya kukubali hushuka mwishoni.
Haya ya kuaga huvutwa.
Hii haikushuka, haikuvutwa, ilisimama
kama mtu mlangoni
na ufunguo si wake.
Tena kuna haya nyengine, ile ya usoni,
nayo sijui niiandikeje,
maandishi yake ni yale yale.

Usiku jirani zangu hukaa wakachambua:
kiganja, kidole gumba, karafuu huku, makonyo kule,
na maneno yao yanapokezana bila foleni,
huyu hajamaliza, yule keshamalizia.
Mie nilidhani kazi yangu ndiyo hiyo hiyo,
maneno huku,
*mmh* na *eeh* na pumzi kule, vya kutupa.
Nikawaambia hivyo, kwa ujuaji.
Binti yao mdogo, Zuwena, akanicheka:
Makonyo nani kakwambia yanatupwa?
Yanapelekwa kiwandani yakatolewa mafuta.
Kichupa kama hichi,
ukikifungua nyumba nzima inajua.

Nikarudi kwenye pumzi.

Dakika ya kumi kuna sauti ya tatu.
Changa. Imesoma. Ina haraka ya heshima.
*Je, mama, umeridhika na huduma?*
Kimya.
Sekunde mbili na nusu.
*Alhamdulillahi, mwanangu.*

Nimerudisha nyuma. Nimerudisha tena.
Sauti ile ni yangu.
Nilisimama upande wa mizani, penye feni,
kalamu mkononi,
naye upande wa jua na gunia lake limefungwa upya.
Kaulizwa kuridhika, kanijibu Mungu.
Kaniwekea kidole kile kile
juu ya mizani nisiyoiona kuwa ninayo.

Nje wanaanua majamvi, mvua inanusa.
Kwenye daftari, penye jina langu,
nimefuta *Mtafiti*,
nimeandika *Mpimaji wa pili*.
Mwisho wa mstari wake nilikuwa nimeweka kituo.
Nimekifuta pia.
Bi Mkasi alikuwa hajamaliza kunyamaza