Bubu wa Kadutu

Miezi minne sasa wananiita Bubu.
Wanaijua shabaha yangu, hawaijui sauti yangu.
Pembeni ya kioo, chini ya ufa
ulioingia siku simu iliponiponyoka kwenye ngazi za Kadutu,
kuna kipaza sauti kidogo kama punje ya mtama
na juu yake mstari mwekundu.
Mstari huo nimeuweka mwenyewe.

Mchezo unakupa njia tatu:
usikiwe na wote, usikiwe na kikosi, usisikiwe.
Ile ya kwanza niliijaribu mara moja tu.
Nilisema, "Niko hapa,"
maneno mawili mepesi, ya kubisha hodi,
na mtu nisiyemjua akauliza kama nimemaliza kuosha vyombo.
Mwingine akataka picha.
Tangu hapo nafyatua, siongei.
Nikiona adui naruka mara mbili palepale nilipo.
Tshimanga wa Lubumbashi amekwisha kujifunza:
Bubu akiruka, inama.

Wenzangu hawafungi kitu,
kwa hiyo nayajua maisha yao bila kuuliza.
Kwa Tshimanga kuna mlango unaolia
na baba mwenye kikohozi kikavu.
Kwa Zihalirwa, huko Goma, kuku wanalala chumbani,
nasikia mmoja akijigeuza.
Kwa Ilunga ni feni, feni, feni,
mpaka umeme ukatike na kikosi kizima kishushe pumzi.

Jana usiku mdogo wangu Akonkwa akaja kujibanza begani kwangu,
kidole kimeloa mafuta ya sambaza,
akaigusa ile punje akidhani inaliwa.
Mstari ukafutika. Sikuona.
Nilikuwa juu ya paa, nimelala kifudifudi,
namsubiri mtu mmoja atoke nyuma ya gari bovu.

Na mama, jikoni, hatua tano kutoka kwangu,
alikuwa anatwanga sombe.

Du. Du. Du.

"Nyayo!" akapiga kelele Ilunga. "Wako ndani ya nyumba!"
Du. Du.
"Ngazini! Wanapanda!"
Zihalirwa akarusha bomu sebuleni,
akajiua yeye na Ilunga pamoja.
Du.
"Bado wanakuja," akanong'ona Tshimanga,
akiuelekezea bunduki ukuta mtupu.

Nikacheka.
Nilicheka kwa koo lote, kama ninavyocheka foleni ya maji,
na kicheko changu nikakisikia kikirudi kutoka simu ya Tshimanga,
kimechelewa kidogo, chembamba, cha msichana.
Kinu kikanyamaza.
"Nsimire! Unacheka na nani usiku huu?"

Hakuna aliyefyatua.
Nilisikia feni. Nilisikia kuku.
Kidole kilikuwa tayari juu ya punje,
njia yake kinaijua hata gizani.
Ilunga akaanza, "Kumbe Bubu ni..."
"Ni yule aliyekuvusha daraja Jumanne," Tshimanga akamkata.
Ilunga akatoka mchezoni. Feni ikaondoka naye.

Mtu wa nyuma ya gari bovu akachungulia.
Sikuruka mara mbili.
Nilimeza mate, koo lilikuwa kama la mgeni,
nikasema, "Tshimanga. Kushoto kwako, dirishani. Inama."
Akainama.
Nikafyatua.

"Nsimire, nimekuuliza."
"Niko na watu, mama."
"Watu gani? Wamekula?"
Hilo sikulijua. Miezi minne, na sikulijua.
Nikawauliza.
Zihalirwa, marehemu, akajibu kutoka chini ya kifusi cha sebule
kwamba tangu asubuhi ni chai tu.
Tshimanga akasema mwambie mama atubakishie.
Mama akacheka kidogo puani, hakusema ndiyo wala hapana.

Akonkwa alikuwa amelala kwenye mguu wangu.
Kidole nikakiweka pembeni ya punje, karibu, si juu yake.

Du.

"Hizo ni nyayo?" akauliza Zihalirwa.
"Hapana," nikamwambia. "Hicho ni chakula."